Msitie Saini Kabla Jeraha Halijatulia: Hotuba kuhusu Fidia ya Majeruhi wa Ajali za Barabarani

Ndugu Mwenyekiti wa Serikali ya Mtaa, Mtendaji wa Kata, viongozi wa vijiwe vya bodaboda na bajaji, wazee wangu, akina mama, vijana, na ninyi ndugu zangu mliofika hapa Manzese kwa magongo na kwa viti vya magurudumu: Asalaam aleikum, Tumsifu Yesu Kristo, Bwana Yesu asifiwe.

Mmenialika nieleze sheria yetu ya Tanzania ya fidia kwa mtu aliyeumizwa na gari, nami nimekubali kwa furaha, lakini naomba radhi tangu mwanzo kwamba sitaisoma sheria yote. Aliyelala wodini haumizwi sana na kutojua vifungu. Anachokosa ni mtu wa kumwambia, katika wiki zile za mwanzo, kitu gani akifanye na kitu gani asikifanye. Kwa hiyo nitakaa kwenye jambo moja, na mengine nitayagusa kadiri yanavyolihudumia hilo: ulemavu ni wa miaka mingi, lakini fidia yake huhesabiwa mara moja tu, na mwenye kuharakisha hesabu hiyo mara nyingi si majeruhi.

Niwaeleze nililipata wapi jambo hili. Baba yangu mdogo alikuwa fundi seremala, na karakana yake ilikuwa kando ya Barabara ya Mandela. Miaka mingi iliyopita, kabla sijaingia chuo kusoma sheria, aligongwa na fuso lililokuwa likirudi nyuma bila utingo wa kuliongoza. Mfupa wa paja ulivunjika. Katika wiki ya sita, akiwa bado amelala na uzito umening'inizwa mguuni, alikuja kijana nadhifu kutoka kampuni moja ya bima, akampa pole, akakaa naye kwa upole kabisa, kisha akatoa karatasi. Fedha iliyoandikwa pale ilitosha kulipa deni la hospitali na kubakiza kidogo cha kununulia mbao. Baba mdogo alitia saini, na sisi wote nyumbani tukamshukuru Mungu. Mwaka uliofuata mfupa ulitunga usaha, akafanyiwa upasuaji mara mbili, na mguu ukaunga ukiwa mfupi. Seremala hufanya kazi amesimama; yeye hakuweza tena kusimama mbele ya meza ya randa hata kwa saa moja. Tuliporudi kwenye kampuni ile tulionyeshwa saini yake, na chini ya saini maneno yanayosema kwamba amepokea malipo kamili na ya mwisho kwa madhara yote, yanayojulikana na yasiyojulikana. Maneno hayo, "yasiyojulikana", ndiyo yaliyonifanya nisomee kazi hii.

Sisemi kwamba kijana yule alitenda kosa la jinai. Alifanya kazi aliyotumwa. Kampuni yoyote ya bima hupendelea kufunga jalada mapema, kwa sababu jalada lililofungwa halikui tena. Lakini jeraha hukua, na hapo ndipo maslahi yake na ya majeruhi yanapoachana.

Msidhani kwamba hili ni jambo la watu wachache wenye bahati mbaya. Shirika la Afya Duniani, katika ripoti yake ya mwaka 2023, lilikadiria kwamba watu wapatao milioni 1.19 hufa kila mwaka kwa ajali za barabarani, na kwamba wengine kati ya milioni 20 na milioni 50 huumia bila kufa, wengi wao wakibaki na ulemavu. Hapa kwetu sihitaji kuwapeleka mbali. Nendeni Taasisi ya Mifupa Muhimbili, ambayo wenyeji wote wa jiji hili huiita MOI, mkae kwenye benchi siku ya kliniki, mhesabu vijana wenye vyuma miguuni, halafu muulize wangapi walikuwa juu ya pikipiki. Habari za ajali hutaja waliokufa kwa idadi na kumaliza kwa maneno "na wengine kadhaa kujeruhiwa". Hao "wengine kadhaa" ndio ninaozungumza nao leo.

Sasa, sheria inamlipa nini aliyeumia? Mahakama hugawa madai katika mafungu mawili. Fungu la kwanza ni fidia maalumu, yaani hasara inayoweza kuhesabiwa kwa shilingi na kuthibitishwa: gharama za matibabu, dawa, nauli za kwenda kliniki, kipato kilichokatika tangu siku ya ajali. Fungu la pili ni fidia ya jumla, yaani maumivu, ulemavu wenyewe, kupungua kwa uwezo wa kutafuta riziki, na furaha za maisha ambazo hazitarudi. Fungu hili la pili halina risiti. Hakimu hulipima kwa busara yake, akitazama ukubwa wa jeraha na maisha ya mtu aliye mbele yake. Fungu la kwanza, kinyume chake, halisamehewi hata kidogo. Mahakama ya Rufani imekwisha kusema mara nyingi kwamba fidia maalumu lazima itajwe waziwazi katika hati ya madai na ithibitishwe kikamilifu. Ukisema ulitumia milioni mbili na risiti ulizonazo ni za laki tatu, usishangae kupewa laki tatu.

Ndiyo maana nawaomba jamaa za majeruhi, hasa mama au dada ambaye kwa kawaida ndiye anayezunguka na mgonjwa, wanunue daftari siku ileile ya kwanza. Risiti za hospitali zitunzwe zote, pamoja na zile ndogo za duka la dawa. Bajaji ya kutoka Tandale hadi Muhimbili haitoi risiti, najua. Basi iandikwe daftarini tarehe, safari na kiasi, na ikiwezekana dereva atie saini. Daftari si sawa na risiti, lakini ni ushahidi ulioandikwa wakati jambo likitendeka, nao una uzito kuliko kumbukumbu ya mtu anayeulizwa maswali kizimbani baada ya miaka miwili. Na wewe dereva wa bodaboda, kama kipato chako hakina hati yoyote ya mshahara, ushahidi wako upo kwenye simu: miamala ya hesabu, yaani fedha unayomtumia kila siku tajiri mwenye pikipiki, malipo ya abiria wanaolipa kwa simu, michango ya kikoba. Omba taarifa ya miamala kutoka mtandao wako kabla muda haujapita mrefu.

Tuifanye hesabu yenyewe, kwa mfano wa kubuni. Tuchukue kijana wa miaka 27 anayebaki na shilingi 15,000 kwa siku baada ya mafuta na hesabu ya tajiri, akifanya kazi siku 26 kwa mwezi. Hiyo ni shilingi 390,000 kwa mwezi, sawa na shilingi 4,680,000 kwa mwaka. Amekatwa mguu chini ya goti. Anapelekewa wodini karatasi ya shilingi milioni 3, na kwa mtu ambaye hajawahi kushika milioni 3 kwa mkupuo fedha hiyo inaonekana nyingi sana. Igawe kwa kipato chake cha mwezi: haifiki hata miezi minane. Tukisema angeendesha pikipiki kwa miaka 10 tu zaidi, kisha apumzike, kipato kilichopotea ni shilingi 46,800,000, na bado hatujagusa maumivu wala mguu bandia. Na mguu bandia si kitu cha kununua mara moja. Kisigino chake huchakaa, soketi inayoshika kigutu hulegea kadiri kigutu kinavyosinyaa, na kila baada ya miaka michache mtu huyu atarudi kupimwa upya, iwe hapa Dar es Salaam kwenye hospitali ya CCBRT kule Msasani au kwingineko. Mwenye miaka 27 atahitaji miguu mingapi kabla ya kufika miaka 60? Swali hilo halimo kwenye ile karatasi ya milioni 3.

Siwaambii kwamba mahakama itampa kijana huyu shilingi 46,800,000 kwa hakika. Mahakama hupunguza, kwa sababu anapewa leo fedha ambazo angezipata kidogokidogo, na kwa sababu huenda akapata kazi nyingine. Inaweza pia kugawanya lawama: kama aliingia barabarani bila kutazama, sehemu ya fidia itakatwa kwa uzembe wake mwenyewe, na kama hakuvaa helmeti akaumia kichwa, atakutana na hoja hiyo. Ninachosema ni kwamba hesabu lazima ianzie mahali hapo, kwenye miaka, na si kwenye deni la wiki hii la hospitali.

Na hesabu ya miaka haiwezi kufanywa kabla jeraha halijatulia. Daktari anayekadiria ulemavu wa kudumu hufikia hatua ambapo anaweza kusema kwamba mwili umekwisha kupona kadiri utakavyopona, kiungo hiki kimebaki na nguvu kiasi hiki, na ulemavu wa kudumu ni asilimia fulani. Kwa mfupa uliounga vizuri hatua hiyo inaweza kufika ndani ya miezi kadhaa. Kwa jeraha la kichwa au la uti wa mgongo inaweza kuchukua mwaka na zaidi. Ripoti hiyo ndiyo kiini cha madai yenu. Atakayekuja na karatasi kabla ya ripoti hiyo anakutaka uuze kitu ambacho ninyi wawili hamjui bado thamani yake, na hasara ya kutojua itabaki kwako peke yako. Ukishatia saini, kuitengua saini hiyo mahakamani inawezekana kwa nadra, pale ulaghai unapothibitishwa, lakini mimi singependa mtu yeyote ategemee mlango huo.

Mtaniuliza: wakili, sisi tutakula nini tukisubiri? Ni swali la haki, na silikwepi. Njaa ndiyo inayotia saini karatasi nyingi kuliko ujinga. Jibu langu ni kwamba hakuna sheria inayokataza mwenye gari au bima yake kulipa gharama za matibabu kwanza bila kufunga madai. Mnaweza kuandikiana kwamba fedha hii ni ya matibabu ya awali tu na kwamba madai mengine yote yanabaki palepale. Wapo wenye magari waungwana wanaokubali. Anayekataa kulipa hata panadol mpaka kwanza utie saini ya mwisho amekwisha kukuonyesha nia yake.

Sasa nije kwenye karatasi za polisi, ambako watu wengi hupoteza kesi wasijue kwamba wameipoteza.

Ajali ikitokea, uhai kwanza. Mpelekeni majeruhi hospitali. Lakini mmoja wenu abaki pale, apige picha ya gari likiwa bado mahali lilipo, namba zake za usajili, alama za breki kwenye lami, na apate majina na simu za watu wawili watatu walioona. Ajali iripotiwe, mpate namba ya RB, yaani namba ya taarifa yenu kwenye kitabu cha kituo. Polisi atatoa fomu ya PF3, ambayo daktari ataijaza akieleza aina ya majeraha. Hakikisheni imejazwa kikamilifu, na mbaki na nakala. Askari wa usalama barabarani atachora ramani ya ajali, na baadaye kutatolewa taarifa ya polisi kwenye PF 90, ambayo kampuni za bima huidai karibu kila mara. Gari nalo litakaguliwa. Kama breki zilikuwa mbovu, ripoti ya ukaguzi ndiyo itakayosema hivyo, na mwenye gari hataweza kumwachia dereva wake lawama zote.

Halafu linakuja lile neno ambalo kila mtu hapa analijua: tumalizane. Mwenye gari anakufuata kituoni, au anawafuata wazazi wako nyumbani na mchele na kitenge, anawaambia kesi itawasumbua, mnajua mahakama zetu, tumalizane kiundugu. Mimi ni mtu wa undugu, na sina ugomvi na mchele. Lakini mjue mnachouza. Sheria ya Ushahidi inasema kwamba hukumu ya mwisho ya kesi ya jinai, muda wa rufaa ukishapita, ni ushahidi usiopingika katika shauri la madai kwamba mtu aliyetiwa hatiani alitenda kosa lile. Maana yake ni kwamba dereva akitiwa hatiani kwa uendeshaji wa hatari, wewe hutalazimika tena kuanza mwanzo kumthibitishia hakimu kwamba dereva huyo alikuwa na makosa. Utabaki na kazi ya kuthibitisha umeumia kiasi gani. Kesi ya trafiki ikimalizwa kwa mchele, hukumu hiyo haipo. Bado unaweza kudai, kwa sababu katika madai kinachotakiwa ni kuonyesha kwamba maelezo yako yana uwezekano mkubwa kuliko ya mwenzako, lakini umejiongezea mlima.

Kuna jambo jingine linalonisikitisha hapa. Kesi hizi mara nyingi huisha upesi sana. Dereva anafikishwa mahakamani asubuhi, anakiri kosa, analipa faini, anarudi barabarani mchana, na majeruhi aliyelala MOI hajui hata kwamba kesi ilikuwapo. Anachokiona ni kwamba dereva "ametoka", kwa hiyo anadhani haki imekufa. Kumbe kukiri kule ndiko kulikomtia hatiani, na nakala ya hukumu ile, iliyopigwa muhuri wa mahakama, ni hati yenye thamani kubwa kuliko nyingine yoyote katika jalada lake. Fuatilieni. Mwulizeni mpelelezi kesi iko mahakama gani na namba yake ni ipi, kisha mwombe nakala. Mahakama ya jinai yenyewe ina uwezo wa kuamuru aliyetiwa hatiani alipe fidia, ingawa kwa jeraha kubwa fedha hiyo ni nadra kutosha, na njia ya madai ndiyo inayobaki.

Nani atalipa? Dereva ndiye aliyegonga, lakini dereva wa daladala anayeishi kwa kupeleka hesabu hana milioni 40, na hata ukimshinda utabaki na hukumu ukutani. Sheria inamfikia mwenye gari, kwa sababu dereva alikuwa kazini kwake. Kisha inaifikia bima. Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inakataza gari kuwapo barabarani bila angalau bima dhidi ya madhara kwa watu wengine, ambayo mtaani tunaiita bima ndogo. Watu huidharau kwa jina hilo. Wanasema fulani ana bima ndogo tu, hutapata kitu. Ni kinyume kabisa. Bima kubwa humlinda mwenye gari na gari lake. Bima ndogo iliwekwa kwa ajili yako wewe unayegongwa. Kifungu cha 10 cha sheria hiyo kinailazimisha kampuni ya bima kulipa hukumu aliyopewa majeruhi dhidi ya mteja wake, mradi kampuni hiyo ilipewa taarifa ya kufunguliwa kwa shauri ndani ya muda uliowekwa. Taarifa hiyo ni barua ya ukurasa mmoja. Nimeona hukumu nzuri zikiangukia kwa mwenye gari asiye na mali kwa sababu barua hiyo haikuandikwa. Wakili wako akikuambia amekwisha fungua shauri, mwulize kwa adabu: na bima umeiandikia?

Kuijua bima ya gari si kazi tena ya kumbembeleza askari. Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, TIRA, ina mfumo wa TIRA-MIS ambao mtu yeyote mwenye simu huweka namba ya usajili wa gari na kuona kama lina bima, ni ya kampuni gani, na inaisha lini. Fanyeni hivyo siku ileile na mhifadhi picha ya kioo cha simu. Vilevile abiria, kabla hujapanda pikipiki kijiweni kwako, unayo haki ya kujua. Nitasema kweli mbele ya viongozi wa vijiwe: dereva anayekimbiza pikipiki iliyoisha bima anacheza na mguu wa abiria pamoja na wake.

Wenye pikipiki za mkataba wana tatizo lao. Kadi mara nyingi ina jina la aliyeiuza miaka mitatu nyuma, tajiri ni mtu wa pili, na dereva ni wa tatu anayelipa kidogokidogo mpaka iwe yake. Ajali ikitokea wote watatu wanatazamana. Kadi ya gari huchukuliwa kuwa ushahidi wa mwanzo wa umiliki, kwa hiyo aliyeuza bila kubadilisha jina asishangae kuitwa mahakamani. Na dereva awe na mkataba wa maandishi, hata wa ukurasa mmoja ulioshuhudiwa na mjumbe wa mtaa, unaoonyesha nani ana jukumu la kukata bima.

Gari likiwa la Serikali, njia inabadilika kidogo: ni lazima kwanza itolewe notisi ya siku 90 kabla ya kufungua shauri. Kwa hiyo mwenye madai ya namna hiyo asisubiri mpaka mwaka wa tatu, ambao, kama nitakavyoeleza mwishoni, ndio kikomo cha kufungua shauri.

Kwa wale walioumia wakiwa kazini kwa mwajiri, kama dereva wa lori, utingo, mfanyakazi wa usambazaji anayetumwa kwa pikipiki ya kampuni, kuna mlango mwingine ambao hauhitaji kumthibitishia mtu yeyote uzembe. Ni Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, ulioanza kazi mwaka 2015. Anayechangia ni mwajiri. Mfanyakazi hakatwi hata senti. Mfuko hulipa matibabu, hulipa asilimia 70 ya kipato cha mwezi kwa asiyeweza kufanya kazi kwa muda, hadi miezi 24, na kwa ulemavu wa kudumu hulipa kwa mkupuo kama asilimia ni 30 au chini yake, na pensheni ya kila mwezi kama ni zaidi ya hapo. Angalieni jinsi sheria hii ilivyofikiri: ulemavu mkubwa hulipwa kwa mwezi, maisha yote, kwa sababu mtu huishi nao kwa mwezi, maisha yote. Natamani sheria yetu ya bima ya magari nayo ingefikiri hivyo, lakini leo haifanyi hivyo. Kinachotakiwa kwenu ni kumjulisha mwajiri mapema na kwa maandishi. Mwajiri asiyejisajili asiwanyamazishe. Kosa ni lake. Na sheria haimkatazi mfanyakazi kumdai pia dereva wa gari la nje lililomgonga, ila kilicholipwa upande mmoja huzingatiwa upande wa pili.

Kuhusu vishoka nitasema kwa ufupi, kwa sababu mnawajua kuliko mimi. Anakuja wodini na fulana ya kampuni asiyoifanyia kazi, anachukua PF3 yako halisi, anakuambia atafuatilia na mtagawana. Usimpe mtu yeyote hati halisi bila kuandikiana, na hilo linatuhusu hata sisi mawakili. Kati yetu wapo wanaodai nusu ya fidia ya mtu aliyekatwa mguu, na ningekuwa mnafiki kuwasema vishoka nikawaacha wao. Asiyeweza kulipa wakili atafute watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na kama mgogoro ni wa kampuni ya bima kukawia au kukataa kulipa, ipo Ofisi ya Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, ambayo humsikiliza mlalamikaji bila malipo. Tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama zetu; asiwepo wa kukuambia kwamba lazima umlipe yeye kwa kuwa huwezi kuisoma hati yako.

Nimalizie na muda. Madai ya kuumizwa kwa uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3 tangu siku ya ajali. Naona nyuso zikibadilika. Kuna waliodhani nikisema "subirini jeraha litulie" nina maana wasubiri milele. Hapana. Miaka 3 ni mingi kwa jeraha kutulia, na ni michache kwa mtu anayeahidiwa kila mwezi na ofisi ya bima kwamba faili lake "linashughulikiwa". Barua za kuahidiana hazisimamishi muda. Kama mwaka wa pili umeisha na hamjaelewana, fungueni shauri, mazungumzo yaendelee shauri likiwa mahakamani. Kwa aliyefariki, warithi na wasimamizi wa mirathi wana sheria yao, Sura ya 310, na wao pia wasikae.

Kabla sijapanda hapa, mama mmoja aliniuliza mlangoni kuhusu mtoto wake aliyegongwa kwenye kivuko cha waenda kwa miguu akiwa darasa la tatu. Miaka minne imepita, naye ameambiwa kwamba amechelewa. Mama, hukuchelewa. Kwa mtoto, muda hauanzi kuhesabiwa mpaka atimize miaka 18, na hata leo mzazi anaweza kumfungulia shauri kwa niaba yake. Kinachochelewa ni ushahidi: askari aliyechora ramani huenda amehamishwa, na muuza machungwa aliyeona ajali huenda amerudi kwao. Njoo na PF3 kama unayo, na kadi za kliniki zote, na jina la kituo cha polisi ilikoripotiwa. RB ikiwa imepotea, tutaanza na tarehe ya ajali na namba ya gari. Nitakaa kwenye ile meza ya dirishani mpaka adhuhuri, na wengine wenye majalada wapange mstari nyuma yake.

Ahsanteni sana kwa kunisikiliza.